Kabla ya Kuilaumu Ruta

Kompyuta mpya inapokataa kushika mtandao, mshtakiwa wa kwanza huwa ni mtu aliye karibu nayo. Katika ofisi ya shule ni katibu muhtasi: lazima atakuwa amebonyeza kitu. Nyumbani ni kijana wa kidato cha pili, kwa kuwa ndiye aliyeigusa mwisho. Wakishaapa kwamba hawakufanya lolote, lawama huhamia kwenye ruta, kisha kwa kampuni ya simu, kisha kwa duka lililouza. Na kama duka lenyewe liko Kariakoo, Dar es Salaam, au Mtaa wa Luthuli, Nairobi, hadithi ya kuuziwa mali feki huwa imeshakamilika kabla hata waya haujachomekwa. Wahenga walisema mshikwa na ngozi ndiye mwizi. Walikuwa wakimwonya mtu anayebeba vitu asivyojua vilikotoka. Sisi tumeifanya methali hiyo kuwa kanuni ya kutengeneza vyombo.

Nimekaa sana kando ya mashine za aina hii, zangu na za watu, na kadiri miaka inavyokwenda ndivyo ninavyoamini kwamba kutafuta kosa la mtandao ni kazi ya haki kabla ya kuwa kazi ya ufundi. Ufundi humwonyesha mtu pa kugusa. Lakini kuuliza kabla ya kuhukumu, kuanza na kilicho karibu kabla ya kwenda mbali, na kukubali kumwachia asiye na kosa hata pale ambapo ingekuwa rahisi kumtia hatiani, hayo ni malezi.

Fikiria kinachotakiwa kutokea katika zile sekunde chache kati ya kuwasha mashine na kufungua ukurasa wa kwanza. Mashine ni lazima iitambue kadi yake yenyewe ya waifai. Ni lazima isikie ruta, itoe neno la siri, ikubaliwe. Ni lazima ipewe anuani ya kutumia, na ionyeshwe mlango wa kutokea. Kisha iulize jina la tovuti linakaa kwenye namba gani, na mwisho ilinganishe saa yake na cheti cha tovuti hiyo ili iamini kwamba inazungumza na mwenyewe, si mjanja aliyejificha njiani. Hatua yoyote kati ya hizo inaweza kukwama. Shida ni kwamba zikikwama, nyingi huonekana vilevile kwa mwenye kompyuta: kialama kinachozunguka bila mwisho, au maneno mawili kwamba intaneti hakuna. Sababu saba zinavaa sura moja. Ndiyo maana anayehukumu kwa sura hukosea mara nyingi kuliko anavyopatia.

Tuanze na kadi. Mashine inaweza kuwa nzima kabisa, na kadi nzima kabisa, lakini ikakosekana draiva, yaani ile programu ndogo inayoiwezesha Windows kuzungumza na kadi hiyo. Hapo orodha ya waifai hubaki tupu, kana kwamba mtaa mzima hauna ruta hata moja. Windows 11, iliyotoka Oktoba 2021, iliongeza ugumu wake: toleo la Home liliweka sharti kwamba anayeiandaa kompyuta kwa mara ya kwanza awe na intaneti na aingie kwa akaunti ya Microsoft. Mwaka uliofuata sharti hilo likafika pia kwenye toleo la Pro kwa matumizi ya kawaida. Kwa hiyo mtu hujikuta mbele ya ukurasa unaomtaka aunganishe mtandao, wakati draiva ya kuunganishia iko kwenye mtandao huohuo asioupata.

Mafundi wanajua njia ya kutokea. Ukiwa na waya wa mtandao, chomeka moja kwa moja kutoka kwenye ruta. Usipokuwa nao, unganisha simu ya Android kwa waya wa USB, ruhusu simu igawe intaneti kupitia waya huo, na mara nyingi Windows huitambua bila kuhitaji kitu kingine. Au pakua draiva kwenye kompyuta ya jirani na uilete kwa flashi. Ni kazi ya dakika chache kwa anayejua. Lakini mtazame asiyejua. Yeye huona aibu. Hudhani kila mtu duniani amepita ukurasa ule isipokuwa yeye. Haimjii akilini kwamba waliouchora ukurasa huo walifikiria nyumba ambazo mtandao uko ukutani kama umeme, wala hawakumfikiria mtu anayenunua bando la siku na kulipima kwa megabaiti. Kosa la mbunifu aliye mbali limegeuka kuwa aibu ya mtumiaji aliye karibu. Huo ndio mwendo wa kawaida wa lawama: hushuka kutoka kwa mwenye nguvu hadi imkute asiye na wa kumsukumia.

Hatua ya neno la siri ina mitego ambayo wengi hawaishuku. Kompyuta nyingi zinazoitwa mpya kwetu ni mpya kwa mnunuzi tu. Zilishafanya kazi katika ofisi za Uingereza au za Dubai kabla ya kuvuka bahari. Iliyotoka Uingereza huenda bado imepangwa kwa kibodi ya huko, ambako alama ya @ na alama ya kunukuu zimebadilishana nafasi ukilinganisha na kibodi ya Kimarekani. Ukiandika neno la siri lenye @ unaona vidoti tu, na mashine inasema umekosea. Bujumbura na Goma, ambako kibodi za Kifaransa ni za kawaida, mambo huzidi: A na Q hubadilishana, Z na W hubadilishana, na tarakimu hazitoki mpaka ushikilie Shift. Mtu anaandika kwa uangalifu, mara ya kwanza, mara ya pili, kisha anaambiwa na wenzake kwamba hajui hata neno la siri la ofisi yake. Dawa ni kubonyeza ile alama ya jicho iliyo pembeni ili usome ulichoandika kwa kweli. Ni jambo dogo, lakini lina uzito wake: kabla ya kumwambia mtu amekosea, tazama kile kilichofika, maana huenda yeye alituma kilicho sahihi.

Neno la siri likikubaliwa, inabaki anuani. Tangu mwaka 1993 kuna utaratibu uitwao DHCP, ambao kwao ruta huikopesha kila mashine inayoingia namba ya muda, kwa kawaida inayoanza na 192.168. Mashine isipojibiwa na mgawaji, Windows hujipa yenyewe namba inayoanza na 169.254 na kukaa kimya nayo. Anayejua kusoma alama hiyo hana haja ya kubahatisha. Kompyuta imefika hadi mlangoni, imebisha hodi, haikukaribishwa. Pengine ruta imefikia mwisho wa idadi ya vifaa inavyoweza kuhudumia, kama zilivyo zile ruta ndogo za mfukoni. Pengine mtu wa usalama wa ofisi ameifunga isipokee kifaa kigeni. Kwa vyovyote vile, katibu muhtasi hana hatia, na sasa upo ushahidi wa kulisema hilo kwa sauti.

Kuna chombo cha kukusanyia ushahidi wa namna hiyo. Desemba 1983, katika maabara ya jeshi la Marekani huko Maryland, mhandisi Mike Muuss alikuwa akisumbuliwa na mtandao uliokuwa ukifanya vitu visivyoeleweka. Akaketi jioni moja akaandika programu fupi inayotuma ujumbe mdogo kwenda kwa mashine nyingine na kusubiri urudi. Akaiita ping. Muuss alifariki katika ajali ya barabarani mwaka 2000, lakini leo programu yake iko kwenye karibu kila kompyuta ambayo msomaji anaweza kuigusa. Kinachonivutia ni heshima iliyomo katika namna inavyotumika. Fundi mzuri huanza kwa kuiuliza mashine yenyewe, kwa namba 127.0.0.1. Ikijibu, anaiuliza ruta. Ruta ikijibu, anauliza mbali, labda 8.8.8.8, ambayo ni seva ya Google. Kila jibu linamwachia huru mmoja wa watuhumiwa. Anayefuata utaratibu huo hahitaji kumpenda wala kumchukia mtu. Ni kama baraza la wazee linalomsikiliza kila shahidi kwa zamu yake, aliye karibu na tukio kwanza, na halimruhusu mwenye sauti kubwa aanze.

Nayo mazungumzo hubadilika. Nimesikia mara nyingi, katika miji ya wilaya, maneno yanayokwenda hivi kati ya fundi kijana na mwalimu mkuu.

"Shikamoo mwalimu."

"Marahaba. Mmetuletea mashine mbovu, kijana wangu. Haishiki mtandao tangu asubuhi."

"Pole, mwalimu. Simu yako inashika waifai hiyohiyo?"

"Inashika vizuri tu."

"Na ukizima data ya simu, bado inafungua?"

Hapo mwalimu huzima data, hujaribu, na uso wake hubadilika, kwa sababu simu nayo imekwama. Kumbe muda wote ilikuwa ikitumia bando lake mwenyewe huku alama ya waifai ikiwaka juu. Kwa maswali mawili, mashine mpya imepata nafuu ya kesi, na duka pia. Kijana hakumbishia mzee wake, wala hakumfundisha mbele ya walimu wengine. Aliuliza, na jibu likamfikia mwalimu kutoka mkononi mwake mwenyewe. Upo ufundi unaohitaji bisibisi na upo unaohitaji adabu. Huyu alikuwa na wa pili, na siku hiyo ndio uliotakiwa.

Mara nyingine shahidi wa kweli yuko mbali kuliko anavyoweza kufika fundi yeyote. Jumapili ya tarehe 12 Mei 2024, nyaya mbili za chini ya bahari, EASSy na SEACOM, zilikatika karibu na pwani ya Afrika Kusini, na intaneti ikazorota Tanzania, Kenya, Uganda, Rwanda na kwingineko. Asubuhi ya Jumatatu ofisi zilifunguliwa, na ni rahisi kuwaza yaliyofuata: ruta ngapi zilizimwa na kuwashwa, nywila ngapi zilibadilishwa, mafundi wangapi waliambiwa kazi yao ya Ijumaa ilikuwa ya ovyo. Nyaya hizo zilianza kutuhudumia mwaka 2009 na 2010, nasi tulizisahau haraka kama mtu anavyosahau bomba lililo chini ya ardhi. Siku ile zilitukumbusha kwamba kati ya kidole kinachobonyeza na ukurasa unaofunguka kuna mikono mingi tusiyoijua, na kwamba si kila kosa linaloonekana mezani limetendwa mezani.

Kuhusu majina sitakawia. Zamani majina ya kompyuta zote za mtandao yaliwekwa katika faili moja lililotunzwa California. Mwaka 1983 Paul Mockapetris akabuni mfumo wa DNS unaogawa kazi hiyo kwa seva nyingi. Mashine inayopata jibu kutoka 8.8.8.8 lakini haifungui tovuti yoyote kwa jina, barabara yake ni nzima. Aliyekosekana ni wa kuielekeza. Kulijua hilo kunamwokoa mtu asibadilishe waya ambao haukuwa na kasoro.

Saa ndiyo inayonipa mawazo zaidi. Ndani ya kompyuta kuna betri ndogo ya duara, mara nyingi aina ya CR2032, inayotunza tarehe wakati mashine imezimwa. Katika kompyuta iliyokaa ghalani miaka kadhaa kabla ya kusafirishwa, betri hiyo huwa imekwisha. Mashine huamka ikidhani ni mwaka uliopita zamani. Sasa vyeti vya tovuti vina tarehe ya kuanza na tarehe ya kwisha. Septemba 2020 vivinjari vikubwa viliacha kukubali cheti kipya cha umma kinachozidi siku 398. Kwa hiyo kompyuta yenye saa iliyorudi nyuma hufungua tovuti ya benki, ikakuta cheti ambacho kwa hesabu yake hakijaanza kutumika, ikakataa. Ikienda kwenye barua pepe, ikakataa. Kila mlango inaouendea inatoa onyo kwamba pale si mahali salama. Waifai ni nzima, anuani ipo, majina yanapatikana, lakini mashine imeishtaki dunia nzima kwa udanganyifu, na aliyekosea ni yenyewe. Sekunde chache za kurekebisha tarehe zinamaliza kesi yote, na betri mpya inazuia isirudi kesho.

Nimeona watu wakifanana na mashine hiyo, na nadhani msomaji pia amewaona. Mtu anayegombana na jirani, na mwajiri, na shemeji, na mwenye nyumba, wote kwa mwezi mmoja, angefaa kuitazama saa yake. Sisemi kwamba anayelalamika sana ndiye mwenye kosa siku zote. Nasema tu kwamba ushahidi unapoonyesha kila mtu ni mwongo, swali la haki ni kumuuliza pia anayeshuhudia.

Kuna tabia nyingine ya kupima: kubadilisha vitu vingi kwa mpigo. Fundi mwenye haraka hubadilisha neno la siri, huondoa draiva, hugusa mipangilio ya ruta, huzima ulinzi, kisha huwasha upya. Ikishika mtandao, hajui ni kipi kilichoponya. Isiposhika, hajui ni kipi alichoharibu. Wapo wanaokwenda mbali zaidi: "Tupige chini Windows, tuweke upya." Mara chache hilo ni la lazima. Mara nyingi ni kuchoma nyumba ili kumpata panya, na faili za mtu ndizo zinazolipa. Mbaya kuliko yote ni ile pini inayoingizwa katika kitundu cha nyuma ya ruta. Ukiishikilia sekunde kadhaa, ruta husahau kila kitu, pamoja na jina na nywila za kuingilia kwa mtoa huduma ambazo katika ofisi nyingi hakuna aliyeziandika popote. Kompyuta moja ilikuwa haina mtandao; sasa ofisi nzima haina. Anayebadilisha kitu kimoja, akajaribu, akakirudisha kama hakikusaidia, anaonekana mzito. Lakini anaheshimu mali isiyo yake, na anaweza kueleza alichofanya.

Je, utaratibu huu hauwalindi mno wakubwa? Kampuni za simu hukosea pia, na wakati mwingine hukosea kwa faida yao. Nakubali. Lakini tazama jinsi malalamiko mengi yanavyotupwa. Mtu ananunua bando kubwa, anawasha kompyuta mpya, na kabla ya jua kuzama limekwisha. Anapiga simu huduma kwa wateja akisema ameibiwa. Angetazama ukurasa wa matumizi ya data angekuta Windows imepakua masasisho yake ya kwanza kwa ukimya, maana haikuambiwa kwamba mtandao ule unalipiwa kwa kipimo. Kuna mahali pa kuiambia hivyo, na ni vyema pawe pa kwanza kuguswa katika kila kompyuta inayoishi kwa bando. Mtu huyo akirudi mwezi ujao na dai la kweli, atapokewa kwa masikio yaliyokwisha kuchoka. Mwingine akaja na karatasi inayosema ruta ilijibu, 8.8.8.8 haikujibu, kuanzia saa mbili hadi saa nne asubuhi, siku nne mfululizo, huyo ni vigumu kumwambia azime na kuwasha. Kumwachia asiye na kosa ndiko kunakoipa nguvu hukumu dhidi ya mwenye kosa.

Mwenye ofisi atasema hana muda wa haya; anataka mashine ifanye kazi kabla ya mkutano. Ana haki yake, na kwa kweli maswali niliyoyataja, yakifuatwa kwa mpangilio, humalizika kabla chai haijapoa. Kinachokula muda ni kubahatisha, kugombana, kwenda dukani kurudisha mashine nzima na kurudi nayo. Hata hivyo sitaki kuyatetea kwa hoja ya muda peke yake. Yangekuwa yanachukua siku nzima, bado ningeona aibu kumwacha katibu muhtasi akibeba kosa la betri.

Kwa sababu hiyo ningependa kazi ya kuandaa kompyuta mpya isihesabiwe imekwisha pale ukurasa wa kwanza unapofunguka. Fundi aandike kwenye karatasi na kuibandika ndani ya kabati la ofisi: ruta inaingia kwa jina gani na inalindwa na nani, kibodi imepangwa kwa lugha ipi, nini kilibadilishwa leo na tarehe gani. Kisha amwite yule aliyeshukiwa kwanza, amkalishe kwenye kiti, amwonyeshe jinsi ya kuiuliza mashine, ruta na dunia ya nje, kwa zamu. Siku mtandao utakapogoma tena, na utagoma, atakuwapo mtu mmoja chumbani mwenye maswali wakati wengine wana majina ya kutaja. Sioni sababu kwa nini mtu huyo asiwe katibu muhtasi.